Joka Lenye Sauti ya Mama

Musinzira, Gitega
9 Februari 2025

Kaka yangu Hussein,

Assalam alaykum, wewe na wifi yangu Zaituni, na mwanangu Kulthumu ambaye jina lake nalitaja polepole. Na majirani wa mtaani Muyinga, kama bado kuna anayeniulizia. Mimi hapa ni mzima. Mwenye nyumba amebadilisha bati lililokuwa linavuja, sasa nalala pakavu. Mvua iko, maharage ya watu yamechanua hadi kando ya barabara.

Nakuandikia karatasi kwa sababu umenikataza kupiga simu. Ulisema simu ya nyumbani huwa anaishika Kulthumu, na hutaki asikie sauti yangu kabla hujamtayarisha. Nimetii. Mustafa, yule shofa anayeendesha basi la Gitega na Muyinga, atakukabidhi barua hii mkononi pale kwenye cherehani yako.

Kaka, huu ni mwezi wa saba tangu nirudi kutoka Oman. Nilimwacha mtoto ana miaka mitatu, sasa ana tisa. Najua mlipata habari kwamba nimekufa. Najua mlinisomea hitima, watu wakala pilau ya matanga yangu. Silaumu mtu. Yule wakala aliyenipeleka ndiye aliyewaambia, na mimi kule walikuwa wameninyang'anya simu, nikakaa miaka miwili bila hata kujua siku ya Idi. Lakini nimerudi, na niko hai.

Nijibu jambo moja tu: Kulthumu ameshajua kwamba niko hai?

Kazi nimepata. Josephat, mwenye banda la sinema karibu na soko, alikuwa na kijana wa kutafsiri filamu, akaondoka. Sasa natafsiri mimi. Nakaa nyuma ya pazia na maikrofoni, watu wanaangalia mbele, mimi nasema kwa Kiswahili yale wanayosema wazungu na Wahindi. Watu wanapenda. Hakuna anayeniona.

Nijibu upesi.

Mdogo wako,
Latifa


Muyinga
2 Machi 2025

Mdogo wangu Latifa,

Waalaykum salaam warahmatullah. Barua yako ilichelewa kwa sababu basi la Mustafa lilikaa siku kumi na moja bila mafuta, na hata sasa sijui hii itakufikia lini. Tumeanza kufunga. Hali ya hapa ni ya kushukuru. Kazi ya kushona imeongezeka, kila mtu anataka nguo ya Idi, na mashine ya pili imeharibika pedali. Zaituni anakusalimu. Mgongo wake unamsumbua lakini analima bustani yake ya mboga za lengalenga kama kawaida.

Kulthumu yuko mwaka wa nne shuleni na anashika namba nzuri. Wiki iliyopita alipata homa, mama yake akamkanda na maji ya vuguvugu, ikashuka. Usiwe na wasiwasi.

Kuhusu uliloniuliza, jambo kama hili halimwagwi kama maji ya vyombo. Mtoto anaelezwa kidogo kidogo. Anajua unapumzika. Ukija ghafla utamvuruga, na mitihani iko karibu. Nipe muda mpaka vakansi kubwa, shule zikifungwa. Mimi ni mkubwa wako, najua ninachofanya.

Nimefurahi kusikia una kazi, ingawa kwa kweli mwanamke wa Kiislamu na banda la sinema, mimi ningependa utafute kitu kingine. Kushona, kwa mfano. Tutazungumza.

Ramadhani njema.

Kaka yako,
Hussein


Musinzira, Gitega
16 Machi 2025

Kaka yangu,

Salamu za mfungo. Pole kwa pedali. Mwambie wifi ajaribu kulala chini kwenye mkeka, mimi ndivyo nilivyopona mgongo.

Nimeisoma barua yako mara nyingi. Umeandika "mama yake akamkanda". Mama yake yupi? Mimi nilikuwa hapa Gitega natafsiri filamu ya Kihindi. Labda kalamu iliteleza. Na hayo maneno "anajua unapumzika", kaka, hata aliye kaburini watu husema anapumzika. Niandikie wazi.

Wakati nasubiri, ngoja nikuambie kuhusu kazi, umsimulie Kulthumu. Josephat amepata sinema mpya ya katuni, ya familia nzima, ya majoka ya China ya zamani. Iko katika Kiarabu, na Kiarabu mimi nilijifunza kwa kutukanwa, kwa hiyo naisikia vizuri.

Kuna mfalme wa Kichina, amevaa hariri ya manjano hadi vidoleni. Amekamata majoka yote ya mvua na kuyafunga chini ya jumba lake, ili mvua inyeshe kwenye mashamba yake peke yake. Nchi nzima imekauka. Sasa mfua kengele mmoja na mkewe na binti yao Yulan wanaokota joka dogo, ukubwa wa mbuzi hivi, limejikunja kwenye mto usio na maji. Wanalificha ndani ya kengele kubwa, wanaipakia kwenye mkokoteni, wanapanda nayo milima, askari wa mfalme wako nyuma yao na mbwa. Wanataka kulifikisha kwa mama yake, aliyefungwa ndani ya kisima cha mfalme. Na lile dogo halijui. Limeambiwa kwamba mama yake aligeuka jiwe.

Siku ya kwanza mzee mmoja alisimama katikati ya sinema. "We mama wa nyuma ya pazia! Joka iko Shetani, imeandikwa!"

Nikamjibu kwa maikrofoni: "Mzee, kaa. Hilo la kwenu linatema moto. Hili la Wachina linaleta mvua. We hulimi?"

Banda zima likacheka, na mzee akakaa. Kesho yake alirudi na wajukuu wanne.

Mimi ndiye sauti zote, ila watu wanampenda zaidi mama joka. Wanawake wanatoka wakifuta macho kwa kitenge. Josephat ameirekodi, anaiweka kwenye kadi za memori za simu, inakwenda Ngozi na Karuzi na hata sijui wapi.

Mwambie Kulthumu mama yake anaongea na majoka. Mwambie kwa maneno hayo hayo.

Latifa


Muyinga
6 Aprili 2025

Mdogo wangu,

Idi imepita salama, Alhamdulillah. Tulikula vizuri. Zaituni alipika, wageni walikuja. Pedali imetengenezwa.

Sinema yako imefika huku. Fredi, mwenye banda la hapa nyuma ya soko, aliwaonyesha watoto siku ya pili ya Idi. Kulthumu alikuwepo na wenzake. Alirudi mzima. Kesho yake nami nilikwenda kuiangalia.

Nakuuliza swali, na unijibu kama unamjibu marehemu baba. Kwa nini joka dogo linaitwa Kulu?

Na pale kisimani, mama joka anaposema "Kulu wangu, fungua mdomo, ndege apite", hayo ni maneno ya Wachina? Mimi nilikusikia ukiyasema hapa kwangu, kwenye ua wangu, ukimlisha mtoto uji.

Nakuomba umwambie Josephat aache kuigawa hiyo filamu. Tuna makubaliano. Nilikuambia unipe muda.

Hussein


Musinzira, Gitega
13 Aprili 2025

Hussein,

Salamu kwako na kwa nyumba yako.

Kulu ni jina la Kichina. Wachina wana majina mafupi. Na maneno ya ndege, mtafsiri huweka maneno ya kwao ili watu waelewe. Ndiyo kazi.

Sasa tuyaache hayo, nikujibu mimi kwa swali. Umeandika "alirudi mzima". Mustafa alikuwepo kwenye lile banda. Basi lake lilikosa mafuta tena huko Muyinga siku za Idi, hakuwa na pa kwenda, akaingia kuangalia. Jana alikuja hapa na barua yako, akakaa kwenye kiti bila kunitazama. Nikamwuliza, "Mustafa, kuna nini?" Akasema, "Dada Latifa, mi sipendi maneno ya watu." Nikamwambia aseme au asinywe chai yangu.

Akasema mama joka alipoanza kuongea kisimani, Kulthumu alisimama juu ya benchi. Akapiga kelele: "Iko mama yangu! Iko sauti ya mama!" Watoto wakacheka. Mmoja akamwambia, "Mama yako si alikufa?" Naye akajibu, na Mustafa alikuwa hatua tatu kutoka kwake, amesikia mwenyewe: "Ndiyo, marehemu. Ni marehemu mama yangu anaongea."

Marehemu, Hussein.

Mustafa anasema sasa shuleni wanamwita mtoto wa joka. Anasema amepigana na msichana mmoja mkubwa na kumng'oa nywele.

Miezi tisa unaniambia unamtayarisha. Ulikuwa unamtayarisha kwa nini? Umenizika mara ya pili, na safari hii unajua kabisa kwamba napumua.

Nasubiri jibu lako.

Latifa


Musinzira, Gitega
4 Mei 2025

Kaka Hussein,

Salamu. Basi limekwenda Muyinga mara nne na kurudi mara nne. Mustafa anasema barua ulipokea, ukaikunja, ukaiweka mfukoni, ukaendelea kushona.

Sitaandika tena kuomba. Jumamosi ya tarehe 24 nitapanda gari asubuhi. Kama hutaki mtoto anione ghafla, una wiki tatu.

Latifa


Muyinga
18 Mei 2025

Latifa mdogo wangu,

Assalam alaykum. Sina habari za bustani wala za cherehani. Soma barua hii ukiwa umekaa.

Jumatano Kulthumu hakurudi kutoka shule. Saa saba, saa nane, hakuna. Zaituni alikwenda madrasa, hayupo. Akaenda kwa Fredi, hayupo. Alikuja mbio hadi sokoni bila viatu, yeye na mgongo wake ule, akanishika shati mbele ya wateja. "Mtoto wangu, Hussein! Mtoto wangu iko wapi?" Tukatafuta mtaa mzima. Nilikwenda hadi kwenye kisima cha shule kilichoachwa na kuangalia ndani. Sitakueleza nilivyoangalia.

Tulimpata saa kumi na moja kituo cha mabasi. Amevaa sare, ameshika mfuko wenye kanga moja na ndizi mbili. Alikuwa ameuliza mashofa wote, mmoja mmoja. Walimcheka tu, hata hawakujua kwamba anatafutwa.

Nikamwuliza, "We unafanya nini hapa?"

Akasema, "Nauliza gari ya China inatoka saa ngapi. Mama iko kule kisimani."

Latifa, nilikaa chini pale pale kwenye vumbi.

Ngoja nikuambie ambacho sikukuambia. Ulipopiga simu mwaka jana kusema uko Bujumbura, uko hai, nililia, wewe ulinisikia. Nilipokata simu nikatoka uani. Zaituni alikuwa anamsuka Kulthumu nywele. Mtoto akamwambia, "Mama, unavuta sana." Unajua Zaituni amezika watoto wangapi kabla hawajapata majina. Baada ya matanga yako, huyu mtoto ndiye aliyeanza mwenyewe kumwita mama. Nilisimama na simu mkononi. Nikasema moyoni, kesho. Kesho ikawa wiki, wiki ikawa miezi. Hata Zaituni sikumwambia; salamu zake nilizokuandikia nilizitunga mimi. Alijua Jumatano hii, pale kituo cha mabasi, nilipomvuta pembeni nikamweleza yote. Tangu siku hiyo ananiwekea chakula na kuondoka.

Na kuna lingine, la chini zaidi. Wewe hukutaka kwenda Oman. Rachid alikuwa amekufa mwaka mmoja tu, ulisema utauza maandazi, utalea mtoto. Mimi ndiye niliyekuambia mjane hakai bure. Mimi ndiye niliyekushika mkono nikakupeleka kwa yule wakala, nikakaa kwenye kiti cha pembeni ukisaini. Waliposema umekufa, niliona nimekuua. Uliporudi, nikaona nitakutazama vipi.

Usije tarehe 24. Nakuomba. Si kwa ajili ya kuficha. Nataka nimwambie mwenyewe kwa mdomo wangu, kabla hujafika mlangoni. Nipe mpaka Idi ya kuchinja.

Hussein


Musinzira, Gitega
23 Mei 2025

Kaka Hussein,

Waalaykum salaam. Mfuko wangu ulikuwa umeshafungwa. Nimeufungua.

Nilitaka kukuandikia kwa hasira, na karatasi tatu nimezichana. Lakini siwezi kukudai ukweli wakati wangu nimeufungia. Kwa hiyo sikia.

Kulu si jina la Kichina. Katika sinema lile joka dogo lina jina lingine kabisa, refu. Na pale kisimani mama joka hasemi kitu. Kuna muziki tu, muda mrefu, na maji yanadondoka. Usiku wa kuamkia kurekodi nilijua nitakachofanya. Nilijua kadi zinafika Muyinga. Ulinikataza simu, nikatafuta njia nyingine ya kumfikia mtoto wangu, sikufikiri atasimama kwenye benchi mbele ya watoto wa mtaa na kuchekwa. Sikufikiri atakwenda kutafuta gari la China. Hilo ni langu, si lako.

Na utaniuliza, Gitega hadi Muyinga si mbali, kwa nini hukuja tu, Latifa? Mwanamke anayejua alipo mtoto wake anazuiwa na barua?

Katika nyumba ya pili niliyofanyia kazi Oman, mwenye nyumba alinimwagia mafuta ya kukaangia sambusa. Upande wa kushoto. Shavu, sikio, na shingo hadi begani. Jicho lilipona. Sikukuambia kwa simu, na hujaniona tangu nirudi. Hapa mjini natembea na mtandio umefunika, natoka chumbani naingia nyuma ya pazia. Siku ya kwanza nilipofika Musinzira, mtoto wa jirani aliniona nikifua nguo bila mtandio, akakimbia akilia. Alikuwa na umri wa Kulthumu.

Wewe ulisema subiri, na mimi ndani yangu nilishukuru. Sasa umejua.

Mwambie mtoto. Mwambie pia kuhusu uso, asije akashtuka. Nakupa mpaka Idi.

Na mpe wifi salamu zangu za peke yake. Mwambie sijasahau nani alimkanda mtoto homa.

Latifa


Muyinga
9 Juni 2025

Mdogo wangu Latifa,

Idi imepita. Niliapa nitamwambia baada ya swala, na nilimwambia.

Tulikaa uani, mimi, yeye, na Zaituni mlangoni. Nilimwambia: "Kulthumu, mama yako Latifa hakufa. Tulidanganywa kwanza, halafu mimi nikakudanganya wewe. Yuko Gitega. Ile sauti ni yake." Nikamwambia na kuhusu mafuta na uso.

Hakulia. Hakufurahi. Aliniangalia kama mtu anayepiga hesabu. Halafu akasema:

"Na baba?"

Nikasema baba yupi.

"Baba Rachid. Naye yuko hai?"

Nikamwambia hapana, baba yako alikufa kweli, aligongwa na lori akiwa kwenye baiskeli.

"Ulisema na mama alikufa kweli."

Latifa, nilimpeleka makaburini. Sikujua nifanye nini kingine. Nikamwonyesha kaburi la Rachid, jina limeandikwa kwenye saruji. Akasema, "Kaburi iko udongo tu. We uliona ndani?" Mimi siku ile nilikuwa Tanzania kununua vitambaa, nilifika wamekwisha kuzika. Nikamwambia sikuona. Akasema, "Basi hujui."

Sasa anauliza kuhusu kila mtu. Babu yetu. Mwalimu wake wa mwaka wa pili aliyefariki. Paka. Anasema kila mmoja yuko mji fulani anapumzika. Simwezi. Neno langu kwake limekwisha.

Njoo, Latifa. Njoo Jumamosi.

Hussein


Musinzira, Gitega
16 Juni 2025

Kaka Hussein,

Nimerudi salama. Salamu zangu leo zinaanza kwa wifi Zaituni, halafu kwa Kulthumu, halafu kwako.

Ulinipokea kituoni ukiangalia viatu vyangu. Ulinibebea mfuko, ukanifikisha mlangoni kwako, halafu ukakumbuka kwamba una mteja mwenye suti ya harusi. Ulirudi jioni nikiwa nimeshapanda gari. Kwa hiyo nakusimulia yaliyotokea ndani ya nyumba yako mwenyewe.

Kulthumu alikuwa amesimama nyuma ya Zaituni, ameshika kitenge chake. Ni mrefu, kaka. Ana miguu ya Rachid. Mimi nilikuwa nimefunika uso, yanaonekana macho. Nikasema assalam alaykum. Akarudi nyuma.

Akamwambia Zaituni: "Asikae hapa. Aende nyuma ya pazia."

Zaituni akaona haya. "Kulthumu, heshima! Iko mama yako huyu." Nikamwambia wifi mwache, niko tayari. Nikaingia nyuma ya lile pazia lenu la chumbani, nikakaa kwenye ukingo wa kitanda.

Akasema kutoka upande wa pili, "Sema."

"Niseme nini?"

"Sema kama joka."

Nikaishusha sauti, nikasema maneno ya kisimani. Halafu akasema, "Sasa sema kama wewe."

Hilo lilikuwa gumu zaidi. Nikasema, "Niko hapa, Kulthumu. Ni mimi."

Akaniuliza nilikuwa wapi. Nikamwambia. Akaniuliza kwa nini sikupiga simu. Nikamwambia waliichukua, na nilipopata nyingine niliogopa.

"Uliogopa nani?"

"Wewe."

"Mi niko mdogo," akasema, kama ananisahihisha.

Halafu akauliza lile. "Baba Rachid yuko mji gani?"

Hussein, nilitamani kumpa mji. Ningesema Karuzi, ningesema Ngozi, angelala vizuri siku ile. Nikamwambia: "Baba yako amekufa. Mimi nilikuwepo. Nilikuwa nimemshika mkono wa kushoto kwa sababu wa kulia ulikuwa umevunjika. Alikuwa na joto, halafu joto likaondoka. Nilimwosha mimi mwenyewe. Hayuko mji wowote. Hatarudi."

Ndipo alipolia. Wifi anasema ni mara ya kwanza tangu alipoambiwa siku ya Idi. Alilia kwa sauti, kilio cha mtu mzima, na Zaituni alitaka kumwinua akakataa. Mimi nilibaki nyuma ya pazia nimeuma mtandio. Sikujua kama natakiwa kutoka. Nilifikiri, ni yeye ameniweka huku, ni yeye atanitoa.

Ilichukua muda mrefu. Chai ilipoa. Halafu pazia likavutwa, si kwa haraka. Nilikuwa nimeshaufungua mtandio, nilisema moyoni akitaka kukimbia akimbie sasa.

Aliangalia shavu. Akazunguka akaangalia sikio. Akainama akaangalia shingo, kama fundi anavyoangalia mshono.

"Inauma?"

"Wakati wa baridi, kidogo."

"Aliyekumwagia yuko wapi?"

"Kulekule kwao."

Akatikisa kichwa. Halafu akarudi kwa Zaituni na kumkalia mapajani, mkubwa vile, miguu inafika chini. Ningependa kukuandikia kwamba sikuumia. Niliumia. Lakini Zaituni alinitazama juu ya kichwa cha mtoto, machozi yanamtoka, na nikaona naye anaogopa kama mimi. Nikasogeza kiti nikakaa karibu nao. Tukala. Kulthumu alitaka nimweleze askari wa mfalme walikula nini mlimani, nikatunga. Hajaniita mama. Ananiita "we". Naipokea.

Tumekubaliana, sisi wanawake wawili na yeye. Abaki kwenu mpaka shule ifunge. Vakansi kubwa aje Gitega. Baada ya hapo tutamwuliza mwenyewe, na tutasikiliza, hata kama jibu litamchoma mmoja wetu. Zaituni amesema atakuja kumtembelea kila wiki mbili, mafuta yakipatikana. Nimemwambia kitanda ni kimoja, tutabanana.

Shuleni nimemwomba Mustafa apite, amwone mwalimu kuhusu lile jina wanalomwita. Kulthumu anasema tuliache. Anasema sasa wanamwogopa.

Limebaki lako. Kuhusu wakala nilikusamehe zamani, nikiwa bado kule, siku ambayo sikuwa na mtu mzima mwingine wa kumkumbuka isipokuwa wewe. Kuhusu miezi hii bado sijakusamehe. Nitakapoweza nitakuambia.

Shule ikifunga umlete wewe mwenyewe. Usimpe Mustafa, usimpe Zaituni. Nitakuwa nimesimama mlangoni hapa Musinzira, mchana kweupe, bila mtandio. Mtoto wa miaka tisa ameniangalia hadi akatosheka. Wewe ni kaka yangu mkubwa. Utakapofika, Hussein, inua kichwa.

Mdogo wako,
Latifa